Joto la Jirani: Sahani Iko Wapi?

Tulipoachana, bibi yangu alikuwa amefungua mdomo amjibu wakili. Nawaomba radhi, wasomaji. Mtu mzima amekaa mdomo wazi wiki nzima mbele ya hakimu, na hilo si adabu.

Basi tumfunge mdomo haraka.

Juu ya meza ya mahakama ilisimama feni. Feni ya mezani, nyeupe, yenye shingo ya kugeuka huku na huku kama mmbea aliye dirishani. Wakili Mudrik, anayemtetea mwenye hoteli, alikuwa ameitoa kwenye boksi kwa mikono miwili, taratibu, kama anayepokea mtoto mchanga.

"Hii nimeinunua Darajani asubuhi, ili mahakama ione kwa macho," alisema. "Bi Mwanakheir, nyumbani kwako ipo pacha yake. Ipo au haipo?"

"Ipo," Bibi alijibu. "Na inapiga kelele ikigeukia kushoto. Kama na hii ni hivyo, kairudishe mapema."

Watu wakacheka. Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani minene, akagonga meza.

Kwa aliyekuwa safarini, kesi yenyewe ni hii. Nyumba ya bibi yangu na hoteli ya Bwana Anwar zimetenganishwa na kichochoro cha Mji Mkongwe, chembamba hivi kwamba wanene wawili wakikutana, mmoja lazima arudi kinyumenyume huku akiomba radhi. Kwenye ukuta wa hoteli, uso kwa uso na madirisha ya sebule yetu, Bwana Anwar ametundika mashine sita, zile za nje za viyoyozi. Wageni wake wanalala kwenye baridi ya Ulaya. Joto lote linalotolewa vyumbani mwao linapulizwa kwetu. Bibi anaiomba mahakama iamuru mashine zitolewe.

Akishindwa, mwanawe mkubwa, Ami Khatib, ameapa kumhamishia kwake Mpendae, chumba cha nyuma, jirani na banda la kuku wa kisasa.

Bibi alizaliwa nyumba ile. Kaolewa mle, kazaa mle, na anasema jeneza lake litateremka ngazi zile zile zilizompandisha bibi harusi. Kuku wa kisasa hawamo katika mpango huo.

"Nani alikupa feni?" Wakili Mudrik aliuliza.

"Ilitoka kwa jirani yangu, Bwana Anwar. Mwezi wa Ramadhani."

"Ukaipokea?"

"Nikatae kitu cha jirani? Mimi nimelelewa, mwanangu."

Wakili akamgeukia hakimu na tabasamu la mtu aliyeona samaki akiingia demani kwa hiari yake.

"Mheshimiwa, mdai alilalamika joto. Mdaiwa akampa feni. Mdai akaipokea, akaichomeka, akajipepea. Hiyo kisheria ni fidia, na aliyepokea fidia amekubali suluhu. Kesi hii ilikwisha Ramadhani. Leo tumekuja kuizika tu."

Nyuma yangu nikasikia mtu akishusha pumzi.

"Alhamdulillahi," alinong'ona Ami Khatib.

Nikageuka. "Alhamdulillahi ya nini, ami?"

"Ya uhai," akasema, na kidole chake tayari kilikuwa kinamwandikia mkewe kwenye simu afagie chumba cha nyuma.

Hapo Bibi akainuka. Hana wakili, Bibi. Alipoambiwa aajiri mmoja alisema mdomo anao wake mwenyewe na haujawahi kumwangusha.

"Fidia?" alisema. "Ile si fidia. Ile ni majibu ya sahani."

"Majibu ya nini?" wakili aliuliza.

"Ya sahani. Kumi la kwanza la Ramadhani nilimpelekea Bwana Anwar futari. Mkate wa kumimina, kwenye sahani yangu ya kaure yenye maua ya waridi. Sahani ya jirani hairudi tupu. Yeye mwanamme peke yake, hapiki wala hapikiwi, akaniletea feni. Nikasema masikini, ndivyo alivyojaaliwa."

Safari hii hata karani wa mahakama alicheka. Bwana Anwar, ambaye ana hoteli yenye wapishi, akawa mwekundu kwa kuitwa masikini mbele ya kadamnasi.

"Mheshimiwa!" Wakili Mudrik aliinua mikono. "Sisi tunazungumzia sheria ya kero baina ya majirani. Mkate wa kumimina hauhusiki!"

Hakimu akavua miwani. Aliifuta. Aliivaa tena.

"Wakili Mudrik, wewe mtu wa wapi?"

"Wa hapa hapa, Mheshimiwa. Malindi."

"Kwenu Malindi, sahani ya jirani ikija na futari, hurudi tupu?"

Wakili akafungua mdomo. Amesoma sheria ng'ambo, ana shahada zilizotiwa fremu, lakini hakuna chuo kinachomtayarisha mtu kwa swali kama lile. Na benchi ya pili alikuwa ameketi mama yake mzazi, ambaye hakosi kesi hata moja ya mwanawe. Mama akakohoa. Kikohozi kimoja, kikavu.

"Hairudi tupu," alisema wakili, kwa sauti ya mtu anayekiri kosa la jinai.

"Ahsante," alisema hakimu. "Basi swali limekuwa jepesi. Feni ilikuja na sahani au ilikuja peke yake? Ikiwa ilikuja na sahani, ni majibu ya futari, na mahakama hii haitageuza ujirani wa watu kuwa suluhu ya kesi. Ikiwa sahani ilibaki kule na feni ikaja peke yake, basi futari bado haijajibiwa, na feni ni kitu kingine. Sahani iko wapi?"

"Kwangu!" Bwana Anwar aliruka kama aliyeshinda bahati nasibu. "Iko hotelini mpaka leo! Haijawahi kutoka!"

"Astaghfirullah!" alisema mama yake wakili. "Tangu Ramadhani?"

Mimi nimesoma bweni, nimeona watu wakijivunia mambo mengi ya aibu. Lakini sijapata kumuona mtu mzima akijisifu mbele ya sheria kuwa hajarudisha sahani ya watu. Na la ajabu zaidi, kwa kujisifu huko alikuwa anashinda.

"Leo baada ya Alasiri," alisema hakimu, "mahakama itakwenda kuziona mashine, na kuiona sahani. Aliye nayo anioneshe."

* * *

"Bibi," nilimuuliza tulipofika nyumbani, hata buibui hajavua. "Sahani ilirudi au haikurudi?"

"Haikurudi."

"Feni ilikuja peke yake?"

"Ilikuja na Sichana, mpishi wa hoteli. Kasema: Bi, inatoka kwa Bwana Anwar. Nikajua sahani itafuata."

"Miezi yote hii! Kwa nini hukuidai?"

Bibi alinitazama kama niliyemshauri apite Forodhani bila ya kanga.

"Sahani haidaiwi, Yusra. Leo utamdai jirani sahani, kesho utamdai chumvi, kesho kutwa mtadaiana salamu. Sahani ya mtu inasubiriwa."

"Sasa tunahamia Mpendae kwa sababu ya adabu yako!"

"Basi ntahama nayo."

Alisema kwa kibri, halafu akakaa kwenye kiti chake karibu na dirisha, na kibri kikamtoka kidogo kidogo kama upepo wa mpira. Akaushika ukuta kwa kiganja.

"Hapa nikikohoa alfajiri," alisema, "Nasima wa chini anauliza: Bi, umeamkaje? Mpendae nikikohoa, nani atauliza? Kuku?"

Nilikuwa na wazo, na wazo si jawabu, kama mwalimu wetu wa nidhamu alivyonieleza mara nyingi.

Nilitaka kwenda kuitoa ile sahani hotelini. Isionekane kule, ionekane kwetu. Msiite wizi. Ni sahani ya bibi yangu, na mimi nilikuwa naisaidia kukumbuka njia ya nyumbani.

Nikachukua kawa, lile la ukindu la kufunikia chakula, nikalitia kwapani. Katika Mji Mkongwe msichana aliyebeba sahani chini ya kawa haonwi na mtu. Anaweza kupita mbele ya polisi, mbele ya imamu, mbele ya mchumba wake wa zamani. Wote watasema neno moja: "Kinanukia."

Nikaingia hotelini kwa mlango wa jikoni. Sichana alikuwa anakaanga samaki. Ni mwanamke wa Tumbatu, mrefu, mwenye macho yasiyodanganyika.

"Shikamoo, Bi Sichana."

"Marahaba. Umekuja na kawa bila ya sahani?"

"Sahani imetangulia."

Akanitazama. Mafuta yakapiga kelele peke yake. Kisha akanipa mgongo.

"Mimi nnakaanga samaki," alisema. "Nikikaanga samaki, sioni kitu chingine."

Mapokezi palikuwa hapana mtu. Juu ghorofani kulikuwa na vurugu la wageni, maana Bwana Anwar alikuwa ameamuru viyoyozi vyote vizimwe kabla hakimu hajafika. Mgeni mmoja mzungu, mwekundu kama kamba aliyechemshwa, alikuwa kajilaza kwenye kochi akijipepea kwa ramani ya mji.

"Dada," aliniuliza kwa Kiswahili cha kitabuni. "Baridi iko wapi?"

"Inakuja. Subira."

Na pale kwenye meza ya mapokezi, ubavuni mwa simu, niliiona. Kaure nyeupe, maua ya waridi, ufa mdogo ukingoni. Sahani iliyotengewa pilau ya harusi ya bibi yangu. Ndani yake Bwana Anwar alikuwa amezikusanya rimoti sita za viyoyozi, zimelala ubavu kwa ubavu kama dagaa sokoni.

Sikuwa na nafasi ya kuzitoa. Nilisikia viatu vinashuka ngazi. Nikaifunika sahani na vilivyomo, nikatoka kwa mwendo wa mtu anayepeleka uji kwa mgonjwa.

Kichochoroni nikapishana na mzee anayetoka msikitini.

"Kinanukia," akasema.

* * *

Niliiweka mbele ya Bibi na kulifunua kawa kwa madaha.

Alipoiona alipitisha kidole ukingoni, pale penye ufa, na kwa muda mfupi macho yake yakawa ya msichana. Kisha yakarudi kuwa ya Bibi.

"Imekujaje?"

"Imerudi."

"Kwa miguu yake?"

"Bibi, sikiliza. Hakimu akija, utamwonesha. Utasema ilirudi na feni. Neno moja tu, na hapana mtu atakayekutoa humu."

"Yusra."

"Naam, Bibi."

"Nikae nyumba hii kwa uongo wa sahani? Kila nikipanda ngazi zitanizomea. Irudishe."

"Lakini..."

"Irudishe sasa hivi, kabla watu hawajaja."

Nikafunika tena. Nikashuka ngazi mbili mbili. Nilikuwa nimebakisha hatua chache nifike mlangoni, mlango ukagongwa.

"Hodi!"

Ilikuwa sauti ya hakimu.

Nikageuka na kupanda zile ngazi kwa kasi ambayo, lau ingepimwa shuleni kwetu, ningepewa kikombe.

* * *

Waliingia sebuleni wote: hakimu, karani na jalada lake, Wakili Mudrik na tai yake, Bwana Anwar na uturi wake, na Ami Khatib nyuma kabisa. Mimi nilisimama dirishani na sahani yangu chini ya kawa. Kama nilivyowaeleza, hapana aliyeniona.

Kichochoro kilikuwa kimepoa, na kimya kama msikiti baina ya sala mbili. Upepo wa bahari ukapita dirishani ukatikisa pazia.

"Mheshimiwa, hebu usikie upepo huo," alisema Bwana Anwar. "Watu wanapanda ndege kuja kuutafuta. Bi Mwanakheir anaupata bure, na bado ananishitaki."

Hakimu akaenda dirishani, akazitazama mashine sita ukutani. Zilitulia kama masanduku.

"Bi Mwanakheir," alisema. "Joto liko wapi?"

"Limekwenda likizo, Mheshimiwa. Limesikia unakuja."

"Mahakama haiamui kwa mizaha," alisema Wakili Mudrik. "Mahakama inaamua kwa inachokiona. Imeona nini? Vyuma ukutani na bibi kizee kwenye baraka za upepo."

Karani akafunga jalada. Ami Khatib akamsogelea mama yake.

"Mama, tusiwapotezee watu siku yao. Kule Mpendae nimekutilia neti mpya."

Nikamtazama Bibi. Alikuwa amekaa wima, mkono mmoja gotini, na kiganja cha pili kilikuwa kimeushika ukuta. Yeye alidhani hakionekani.

Basi nikatazama ng'ambo. Wageni wa hoteli, kwa joto la kuzimiwa viyoyozi, walikuwa wamefungua madirisha yote. Mikono miwili tu kutoka nilipo, kila chumba kilinionesha kiyoyozi chake juu ya kitanda.

Nikainua ukingo wa kawa kidogo. Nikabonyeza.

Nikasogea dirisha la pili, kama mtu anayetafuta upepo mzuri. Nikabonyeza. La tatu. Nikarudi nikabonyeza rimoti zilizobaki.

Kimya.

Viyoyozi vina kiburi cha wakwe. Ukiviita havijibu papo hapo. Huvuta pumzi kwanza, vikakupima.

"Basi," alisema hakimu, "kama hakuna zaidi..."

Mashine ya kwanza ikakohoa.

Ya pili ikaguna. Ya tatu na ya nne zikaamka pamoja, zikafuatwa na mbili za mwisho, na ukuta mzima wa hoteli ukaanza kunguruma. Joto likaingia sebuleni kwa madirisha yote kama ng'ombe waliovunja zizi. Pazia likaruka likamvaa karani kichwani. Karatasi zikamtoka mkononi. Jasho la Wakili Mudrik likaanzia kwenye paji, likapita puani, likatua kwenye tai. Uturi wa Bwana Anwar ukachemka, na sasa tulikuwa ndani ya chetezo cha udi.

Dirisha la ng'ambo mzungu mwekundu akatoa kichwa na kupiga makofi. "Baridi imekuja!"

"NI HIVI KILA SIKU?" hakimu alipiga kelele.

"ETI?" alijibu Bibi.

"NIMESEMA, NI HIVI KILA SIKU?"

"LEO ZIMEONA HAYA! SIKU NYINGINE NI ZAIDI!"

"Haiwezekani!" Bwana Anwar alifoka. "Nimezizima mwenyewe! Rimoti zote nimezikusanya kwa mkono wangu!"

Mashine ziliendelea kunguruma.

Hakimu akamgeukia polepole. "Umezizima kwa sababu mahakama inakuja?"

Bwana Anwar akamtazama wakili wake. Wakili wake akatazama boriti za dari.

"Umezikusanya wapi?"

"Pale... mapokezi. Kwenye sahani ya..."

Hakumaliza. Wakili Mudrik, ambaye ujinga si katika makosa yake, alikuwa tayari ananitazama mimi.

"Mheshimiwa, naomba binti yule afunue kawa."

"Ni futari," nilisema.

"Mwezi gani huu?" aliuliza hakimu.

Nikafunua.

Hapana aliyecheka, wasomaji, hata mimi. Sahani ya kaure, maua ya waridi, rimoti sita.

"Tazama, Mheshimiwa!" Wakili Mudrik alisahau jasho lake. "Sahani iliyokuwa hotelini tangu Ramadhani. Imechukuliwa leo kwa wizi ili mahakama idanganywe! Hawakuwa nayo. Kwa hiyo feni ilikuja peke yake. Kwa hiyo ni fidia. Kwa hiyo kesi imekwisha, na nyengine ya wizi inaanza!"

Hakimu akanyoosha mkono, akanizuia nisiseme. Nilikuwa na sentensi ndefu na nzuri. Imepotea.

"Bi Mwanakheir. Nakuuliza wewe, si mjukuu wako. Sahani hii imerudi lini?"

Neno moja tu. Ramadhani. Nilimsihi kwa macho. Neno hilo lilikuwa na ngazi zake ndani, na kiti chake cha dirishani, na Nasima wa chini anayeuliza umeamkaje.

"Leo," alisema Bibi.

Wakili akafunga mkoba wake. Ami Khatib akamshika mama yake bega.

"Basi, mama. Umesema kweli, Mungu atakulipa. Twende zetu."

"Niondoshee mkono, sijamaliza." Bibi akainuka. Akaja pale dirishani, akazichukua rimoti moja moja na kuzifunga kwenye pindo la kanga yake. "Imerudi leo, Mheshimiwa. Na haikurudi tupu. Jirani kairejesha na hiki alichojaaliwa, na mimi nimepokea. Wakili kafundisha asubuhi kwamba ukipokea ndiyo suluhu. Basi suluhu hii imenikaa vyema kuliko ile ya feni."

"Zimeibwa!" alipiga kelele Bwana Anwar.

"Mtoto haibi sahani ya bibi yake."

"Sahani sawa! Na rimoti?"

"Nani alikutuma uziweke kwenye sahani ya watu?"

Hakimu akatugeuzia mgongo akatazama kichochoroni. Mabega yake yalitikisika. Sitaapa kama ilikuwa hasira.

Alipogeuka alikuwa hakimu tena. Ilibidi apaze sauti juu ya ngurumo.

"Rimoti zitarudi kwa mwenyewe, na binti huyu nitamwita. Lakini mashine mahakama imezisikia, na karani aandike kuwa zilizimwa kwa hila. Ila la feni bado, Bi Mwanakheir, nalo ni zito. Feni ilikuja bila ya sahani. Namtaka aliyeileta."

"Nipo," ilisema sauti mlangoni.

Alikuwa Sichana. Amepanda na upawa mkononi, anatoa harufu ya samaki na ndimu. Bwana Anwar akamtolea jicho.

"Wewe rudi jikoni!"

"Samaki nshamuepua," alijibu Sichana, akapita kati ya watu. "Mheshimiwa, feni nimeileta mimi. Nikaambiwa nimwambie Bi kuwa inatoka kwa Bwana Anwar. Nikasema hivyo hivyo. Tangu siku ile chakula changu mwenyewe hakinipendezi."

"Uliambiwa na nani? Na Bwana Anwar?"

"Bwana Anwar alikuwa Mangapwani na wageni siku ile. Boksi la feni lililetwa mlango wa jikoni na..."

Mashine zikalimeza jina.

"SEMA TENA!"

Sichana akasema tena. Hatukusikia tena.

Bibi akafungua pindo la kanga. Akazitoa rimoti, akaelekeza dirishani, akaanza kuzima, moja baada ya moja, bila ya haraka. Kila iliyozimwa ilituachia kipande cha ukimya. Ya mwisho ikajivuta, ikatulia, na tukasikia mpaka saa ya ukutani.

Sichana hakurudia jina. Aliinua upawa. Upawa ukampita Bwana Anwar. Ukampita Wakili Mudrik. Ukasimama kwenye kifua cha Ami Khatib.

"Fidia gani hiyo, wakili," aliuliza hakimu kwa upole, "ambayo mteja wako hakuitoa?"

Wakili Mudrik akakaa kwenye kiti cha Bibi bila ya kukaribishwa. Lakini Bibi hakumuona. Hakumuona hakimu wala sahani.

"Khatib," aliita.

Ami ana mvi. Ana duka, ana kuku mia mbili, ana watu wanaomwamkia shikamoo. Aliitika kama mtoto wa chuoni aliyekosea aya.

"Naam, mama."

"Feni ile uliinunua wewe?"

"Mimi, mama."

"Kwa nini hukuniletea kwa mkono wako?"

Ami akamtazama Bwana Anwar. Bwana Anwar, kwa mara ya kwanza tangu kesi hii ianze, alikuwa anatazama viatu vyake.

"Ilitakiwa uipokee kama yake," alisema ami. "Kesi ife. Joto likuchoshe, utoke kwa miguu yako. Mama, nisamehe. Nyumba hii nshamwahidi kumuuzia."